Biblia ya siku za kazi

Waumini wengi wanaijua ile namna ya kusoma: mtu ana jambo linalomsumbua, anafumba macho, anaomba kwa kifupi, anafungua Biblia popote na kuweka kidole. Mstari uliogusa kidole ndio jibu. Siku hizi kidole kimehamia kwenye simu na mstari unajileta wenyewe alfajiri, lakini matarajio ni yale yale: Mungu aniambie leo, kwa jambo hili, nifanye nini. Siwadharau wanaosoma hivyo. Kiu inayowasukuma ni ya kweli, na mtu anayetamani kumsikia Mungu kabla hajatoka kwenda kazini ana jambo jema moyoni. Ninachoamini ni kwamba Maandiko yana uongozi mwingi kwa maisha ya kila siku kuliko tunaouchota kwa njia hiyo, na sehemu kubwa ya uongozi huo iko kwenye kurasa ambazo kidole hakizifikii.

Wanaotetea kufungua popote humtaja Augustino, mwalimu mashuhuri wa Kanisa la kale, na wana haki ya kumtaja. Mwaka 386, katika bustani ya nyumba aliyokaa mjini Milano, akiwa analia kwa kushindwa kuyabadili maisha yake, alisikia sauti ya mtoto kutoka nyumba ya jirani ikirudiarudia maneno: chukua, soma. Akarudi haraka pale alipokuwa ameweka kitabu cha nyaraka za Paulo, akakifungua, akasoma kimya pale macho yalipoangukia. Palikuwa ni Warumi 13, panaposema tuenende kwa adabu kama ilivyohusika na mchana, si kwa ulafi na ulevi, si kwa ugomvi na wivu. Hakutaka kusoma zaidi. Maisha yake yaligeuka saa ile.

Lakini yeye mwenyewe, alipoisimulia siku hiyo, hakuacha jambo dogo ambalo sisi hulipita. Mapema siku ile ile alifika mgeni, akakiona kitabu cha Paulo juu ya meza, akashangaa kukikuta pale. Augustino akamweleza kwamba anayasoma maandiko hayo kwa bidii kubwa. Kitabu hakikuwa pale kwa bahati. Kilikuwa mezani kwa sababu kilikuwa kinasomwa, na mstari ule ulimkuta mtu ambaye Paulo alikuwa ameshamsemesha kwa muda mrefu. Miaka kadhaa baadaye, akiwa askofu wa Hippo, Afrika ya Kaskazini, alimwandikia mtu mmoja aitwaye Januarius kwamba hapendezwi na desturi ya watu kuzipigia kura kurasa za Injili ili wapate majibu ya shughuli zao za dunia. Alikiri kwamba ni afadhali kuliko kuyaendea mapepo, lakini hakuipenda. Na mwaka 506, maaskofu waliokutana Agde, kusini mwa nchi ambayo leo ni Ufaransa, waliikataza kabisa desturi ya kubashiri kwa kutumia maandiko.

Haki inanidai niseme pia habari za Wamoravian wa Herrnhut, Ujerumani. Tangu mwaka 1731 wao huchapisha kitabu chenye neno la kila siku ya mwaka, na maneno hayo huchaguliwa kwa kura. Je, hiyo si kura ile ile? Nimelifikiria sana jambo hili, na naona tofauti yake ni kubwa. Neno la Wamoravian hupigiwa kura muda mrefu kabla ya siku yenyewe, kisha wote hupewa lile moja: mgonjwa na mzima, anayeoa na anayezika. Hakuna anayeweza kudai kwamba mstari ule umetumwa ili umwambie yeye peke yake akubali mkataba au aukatae. Analipokea pamoja na wenzake, na siku nzima analitafakari akiuliza linamhusu vipi.

Mimi nadhani tatizo letu limekuzwa kidogo na jinsi Biblia zetu zilivyopangwa. Namba za mistari tunazozizoea zilikuja baadaye sana. Milango, yaani sura, iligawanywa mwanzoni mwa karne ya 13, kazi inayohusishwa na Stephen Langton, na mistari ya Agano Jipya tunayoitumia hadi leo iliwekwa na mchapaji Robert Estienne mwaka 1551. Kabla ya hapo mtu aliyetaka kunukuu alilazimika kujua habari nzima ilikokuwa imekaa. Namba zimetusaidia sana, sikatai. Zimetuwezesha pia kuuchomoa mstari mmoja, kuuweka juu ya picha ya machweo, na kuutuma kwa watu hamsini bila yeyote kati yao kujua nani alikuwa anaambiwa na kwa nini.

Chukua Yeremia 29:11, ambao bila shaka umewahi kutumiwa. "Maana nayajua mawazo ninayowawazia ninyi, asema BWANA, ni mawazo ya amani wala si ya mabaya, kuwapa ninyi tumaini siku zenu za mwisho." Ni mstari mzuri mno, na mimi naupenda. Lakini rudi nyuma kidogo. Hii ni barua. Yeremia yuko Yerusalemu na anawaandikia watu waliochukuliwa mateka mpaka Babeli. Kati yao kulikuwa na manabii waliowaambia kwamba mambo yataisha upesi na watarudi nyumbani karibuni. Yeremia anawaandikia kinyume: itakuwa miaka sabini. Maana yake ni kwamba wengi wa waliosomewa barua ile wangefia huko huko. Na kabla hajawapa ahadi, anawapa kazi za kufanya: wajenge nyumba na kukaa ndani yake, wapande bustani na kula matunda yake, waoe na kuozesha, na wautakie amani mji ule waliopelekwa kwa nguvu, wauombee, kwa sababu katika amani yake na wao watapata amani.

Sasa pima. Mtu aliyepewa mstari wa 11 peke yake ataondoka akitarajia mlango ufunguke wiki hii. Mtu aliyeisoma barua yote atakuwa na la kufanya Jumatatu asubuhi hata kama mlango haujafunguka: panda, jenga, waombee watu wa mahali hapa usipopapenda. Kwangu huo wa pili ndio uongozi hasa. Unamkuta mtu mahali alipo, katika kazi asiyoipenda au mji asiouchagua, na kumwambia cha kufanya akiwa hapo.

Ndivyo ilivyo pia kwa "Nayaweza mambo yote katika yeye anitiaye nguvu." Mstari mmoja kabla yake Paulo anaeleza ni mambo gani hayo: kushiba na kuona njaa, kuwa na vingi na kupungukiwa. Anaandika akiwa kifungoni. Mwanafunzi anayeuandika mstari huu juu ya karatasi ya mtihani hakosi baraka, Mungu ni mwema, ila anaweza kukosa kile ambacho Paulo alitaka kumpa: namna ya kuendelea kuwa mtu mzima wa moyo mtihani ukimshinda.

Na tusisahau kwamba katika habari ya majaribu ya Yesu jangwani, shetani naye ananukuu. Anamsimamisha juu ya kinara cha hekalu na kumnukulia Zaburi ya 91 kuhusu malaika watakaomchukua mikononi mwao. Nukuu yenyewe inatoka kwenye Zaburi kweli. Yesu anajibu: "Tena imeandikwa, Usimjaribu Bwana Mungu wako." Jibu hilo lilitoka Kumbukumbu la Torati, kama yale majibu mengine mawili ya siku ile, na yote yametoka katika milango ya 6 na ya 8. Kila niisomapo habari hii huwaza jinsi alivyokuwa amekijua kitabu kile kwa undani, kiasi kwamba njaa ya siku arobaini haikumwondolea.

Basi, uongozi wa kila siku uko wapi? Jibu langu litawashangaza wengine: mwingi uko kwenye sheria ndogondogo na misemo mifupi ambayo hatuihubiri. Wengi wanaopania kuisoma Biblia yote kwa mwaka huchoka wakifika Mambo ya Walawi. Ni hasara, maana kule ndiko unakokutana na Mungu anayejishughulisha na siku yako ya kazi. Anasema mshahara wa aliyeajiriwa usilale kwako mpaka asubuhi. Anasema usimlaani kiziwi, ambaye hawezi kukusikia, wala usiweke kikwazo mbele ya kipofu. Anataka mizani iwe ya haki na mawe ya kupimia yawe ya haki. Sheria hizi zimo katika mlango mmoja, wa 19, ule ule wenye amri ya kumpenda jirani yako kama nafsi yako. Kabla na baada ya kusema mpende jirani, Mungu anaonyesha upendo huo unafananaje: kulipa kwa wakati, kupima sawasawa, kutomwonea mtu ambaye hata hatajua kwamba ameonewa.

Kumbukumbu la Torati 22 ina amri ninayoipenda kuliko nyingi. Ukijenga nyumba mpya, weka ukingo kuzunguka dari, asije mtu akaanguka kutoka juu na damu yake ikawa juu ya nyumba yako. Nyumba za wakati ule zilikuwa na paa bapa, na watu walikaa juu na hata kulala huko. Mungu aliyetoa Amri Kumi anazungumzia ukuta mfupi wa kuzuia mtu asianguke. Wala hasubiri mtu aanguke kwanza. Anamtaka mwenye nyumba amfikirie mgeni ambaye hajafika bado, mtoto ambaye hajaanza kutambaa. Nikikaa na amri hii, maswali yanakuja yenyewe. Katika kazi yangu, ni wapi mtu anaweza kuanguka kwa sababu mimi sikuweka ukingo? Maelezo niliyomwachia mwenzangu wa zamu yanaeleweka, au atajikuta gizani? Dereva anayekagua breki kabla abiria hawajapanda anaitii amri hii hata kama hajawahi kuisoma. Muuguzi anayeandika kwa mwandiko unaosomeka anaitii pia.

Kutoka 23 inakwenda mbali zaidi. Ukimkuta ng'ombe au punda wa adui yako amepotea, mrudishie. Ukimwona punda wa mtu anayekuchukia amelala chini ya mzigo wake, usimwache, msaidie. Haisemi kwanza mpatane, wala haisubiri moyo wako upoe. Inakuweka bega kwa bega na mtu usiyeelewana naye, mkimnyanyua mnyama mmoja. Wenye uzoefu wa ofisi zenye makundi mawili yasiyosemeshana wanajua jinsi amri hii ilivyo ngumu, na jinsi inavyofanya kazi.

Halafu kuna Mithali. Kitabu kina milango thelathini na mmoja, ndiyo maana wengi, mimi nikiwemo, tunakisoma kwa tarehe: leo tarehe tano, mlango wa tano. Ukiikosa siku huna deni. Unasoma wa tarehe uliyopo, na mwezi ujao ule ulioukosa utarudi. Faida ya kusoma hivi ni kwamba huchagui. Unasoma habari za uvivu siku unayojiona mchapakazi, na habari za ulimi siku ambayo hukukusudia kumsema mtu. Mambo mengine ni madogo kiasi cha kukushangaza. Kitabu kinakuonya usiingie nyumbani kwa jirani mara kwa mara asije akakukinai, na kinasema anayembariki rafiki yake kwa sauti kuu asubuhi na mapema atahesabiwa kama amemlaani. Neno la Mungu, nalo linajua kwamba kuna watu hawapendi kupigiwa kelele kabla hawajaamka vizuri!

Nieleze siku moja jinsi kitabu hiki kilivyoniongoza, kwa sababu bila mfano mtu anaweza kudhani nazungumzia hisia tu. Mama yetu alikuwa ametoka hospitali baada ya upasuaji na alihitaji mtu wa kukaa naye. Usiku dada yetu mkubwa alinitumia ujumbe mrefu wa sauti. Alikuwa amechoka, na sauti ilikuwa na machozi. Mdogo wetu wa mwisho, alisema, hajali. Kila akiambiwa aje anatoa sababu. Mwambie wewe, labda wewe atakusikia. Niliusikiliza ujumbe ule nikiwa tayari nimekasirika kwa niaba yake. Nikaanza kuandika maneno ya kumtumia mdogo wetu, tena maneno makali, kisha usingizi ukanishinda kabla sijayamaliza.

Asubuhi ilikuwa tarehe kumi na nane. Mlango wa 18, mstari wa 13: "Yeye ajibuye kabla hajasikia, ni upumbavu na aibu kwake." Nikasogea mpaka wa 17: "Ajiteteaye kwanza huonekana kuwa ana haki." Mstari unaendelea kusema kwamba hali huwa hivyo mpaka mwenzake aje na kumhoji. Nina daftari ninaloandikia mstari mmoja kila asubuhi kwa mkono. Nikauandika huo wa 17. Kuandika kwa mkono ni polepole, na kabla sijafika mwisho wa mstari nilikuwa nimekwisha kujua kwamba nimesikiliza upande mmoja tu.

Nikampigia mdogo wetu. "Shikamoo dada. Kuna nini, mbona mapema hivi? Mama hajambo?" Nikamwambia mama anaendelea vizuri, nimepiga kumsikiliza yeye. Akanyamaza kidogo. Kisha akasema ameomba ruhusa kazini na kunyimwa, na ameogopa kuomba tena kwa sababu walikuwa wanapunguza watu. Hakutaka dada mkubwa ajue kwamba nafasi yake ya kazi inayumba, kwa kuwa yeye ndiye aliyemsomesha. Hivyo alitoa visingizio, na visingizio vikaonekana kama dharau.

Mambo hayakuisha siku hiyo. Bado palihitajika mtu wa kukaa na mama, na dada mkubwa bado alikuwa na haki ya kuchoka. Lakini mazungumzo yetu watatu, tulipoyafanya jioni, yalianza mahali pengine kabisa. Maneno yale ya usiku niliyafuta. Hakuna sauti niliyoisikia kutoka mbinguni siku ile. Nilisoma mlango wa siku, kama siku nyingine zote, na mstari ukakuta jambo limekwisha kuwa mezani. Na nina hakika kwamba kama ningekuwa nafungua Mithali siku za shida tu, nisingefungua siku ile, maana usiku nilijiona niko upande wa haki. Mtu anayejiona ana haki hatafuti mstari.

Katika mambo kama haya nimejifunza kutembea na andiko lingine pia, Mathayo 18:15: "Na ndugu yako akikukosa, enenda ukamwonye, wewe na yeye peke yenu, akikusikia, umempata nduguyo." Wewe na yeye peke yenu! Maneno haya yangefuatwa, magomvi mengi ya familia na makundi ya simu yangekufa yakiwa machanga. Sisi hufanya kinyume: tunawaambia kumi, na aliyekosa anakuwa wa kumi na moja kujua. Yesu anaziweka hatua kwa mpangilio. Kwanza peke yenu, kisha mmoja au wawili, kisha kanisa. Sijui uongozi ulio wazi zaidi ya huo. Hauhitaji ishara. Unahitaji miguu ya kwenda.

Msomaji makini ataniuliza: na pale Biblia inapokinzana? Mithali 26 mstari wa 4 unasema usimjibu mpumbavu sawasawa na upumbavu wake, na wa 5 unasema umjibu. Imeandikwa hivyo, mmoja chini ya mwingine, wala waliokusanya misemo hii hawakuona haya. Wanakuachia kazi. Kuna siku kumjibu mtu kutakufanya ufanane naye, na kuna siku kumnyamazia kutamfanya ajione ana hekima. Ni siku gani hii ya leo? Hapo ndipo Yakobo anaposema mtu akipungukiwa na hekima aombe dua kwa Mungu, naye atapewa. Angeweza kusema aombe apewe jibu. Kasema hekima. Mwenye hekima anaweza kuikabili kesi ambayo hakuna mstari ulioitaja.

Na kesi hizo ni nyingi. Rafiki yangu mmoja alikuwa na nafasi mbili za kazi, moja karibu na wazazi wake na nyingine mbali yenye mshahara mkubwa zaidi. Akaniomba tutafute andiko. Tulisoma pamoja, na hakuna mstari uliotaja kazi hata moja kati ya hizo. Lakini maswali tuliyoyapata yalikuwa mazuri kuliko aliyokuja nayo. Luka 14: nani hujenga mnara bila kuketi kwanza na kuhesabu gharama? Akachukua kalamu, akahesabu, na mle ndani akaweka pia gharama ambazo hazina risiti. Mithali 15: "Pasipo mashauri makusudi hubatilika; bali kwa wingi wa washauri huthibitika." Akakiri kwamba hajawaambia wazazi wake, ambao ndio aliokuwa akiwataja kama sababu ya kubaki. Alipowauliza, walikuwa na maoni yao, na hayakuwa yale aliyodhani. Alichagua mwenyewe, kwa amani, na sitasema alichagua ipi, maana sitaki mtu afanye uchaguzi wake kuwa kanuni.

Paulo mwenyewe anatufundisha unyenyekevu huu. Katika 1 Wakorintho 7, akijibu maswali ya ndoa, anatenganisha waziwazi. Mahali pamoja anasema si mimi ila Bwana. Mahali pengine: "nawaambia mimi, wala si Bwana." Na kuhusu wanawali: "sina amri ya Bwana, lakini natoa shauri langu." Mtume anaweza kusema hapa sina amri, nina shauri! Sisi tusio mitume mara nyingi tunasema "Mungu ameniambia" juu ya jambo ambalo tungeweza kusema tu kwamba tumelifikiria, tumeliombea, na tumeona hivi. Naliona hili kuwa zito, kwa sababu ukishasema Mungu kaniambia, mke wako au mwenzako wa kazi hana tena nafasi ya kukushauri. Umemfunga mdomo kwa jina la Mungu. Hata wale viongozi wa Matendo 15, walipowaandikia ndugu wa mataifa, walisema "ilimpendeza Roho Mtakatifu na sisi", na hiyo ilikuwa baada ya mjadala mkubwa ambao haukufichwa.

Kuna jambo moja zaidi ambalo siwezi kuliacha, nalo ni siku ambazo mtu hahitaji la kufanya. Amefiwa. Ameachwa. Marafiki wa Ayubu walipofika walikaa naye chini siku saba, mchana na usiku, bila kumwambia neno, kwa kuwa waliona mateso yake ni makuu mno. Huo ndio wakati walipofanya vizuri. Kisha wakaanza kumnukulia kanuni, nyingine zikiwa za kweli kabisa zikisimama peke yake, na mwishoni Mungu anamwambia Elifazi, mmoja wao, kwamba hawakunena yaliyo sawa kama Ayubu. Kwa hiyo mtu mwenye mistari mingi kichwani aogope kidogo anapoingia nyumba ya msiba. Na aliye ndani ya nyumba hiyo ajue kwamba Zaburi ya 88 ipo. Inaanza kwa kumlilia Mungu na inaishia gizani, bila mstari wa furaha mwishoni, na bado iko katikati ya Zaburi mia moja na hamsini, ikisomwa na kuimbwa kama sala. Kumwambia Mungu kwamba kuna giza ni jambo ambalo Maandiko yametupa maneno yake. Siku kama hizo, hilo linatosha.

Nimeulizwa mara nyingi mtu aanzie wapi. Wapo wenye mipango mikubwa, na baadhi ni mizuri sana: Robert Murray M'Cheyne, mchungaji kijana wa Scotland, aliwatungia waumini wake mpango mwaka 1842 ambao bado unatumika duniani kote. Watawa nao wana njia yao ya kale ya kusoma polepole, kutafakari, kuomba na kunyamaza mbele za Mungu. Ila kwa anayeanza ningesema hivi. Soma Mithali kwa tarehe ya siku. Soma Injili moja kutoka mwanzo hadi mwisho, bila kurukaruka. Marko ni fupi. Kisha Yakobo, ambaye anaongea kama mtu anayekujua. Ukishazoea, nenda Kumbukumbu la Torati. Pata daftari na uandike mstari mmoja kwa mkono wako. Mfalme wa Israeli aliagizwa vivyo hivyo: akiketi katika kiti chake ajiandikie nakala ya torati, nayo iwe pamoja naye, na aisome siku zote za maisha yake, moyo wake usije ukainuka juu ya ndugu zake.

Na usisome peke yako daima. Yule mtowashi wa Kushi alikuwa akisoma Isaya garini, na Filipo alipomuuliza kama anaelewa, alijibu kwa kumuuliza atawezaje kuelewa mtu asipomwongoza. Kisha akamkaribisha apande, wakakaa pamoja na kitabu. Tafuta mtu wa kupanda naye. Awe mtu anayeweza kukuambia, bila woga, kwamba andiko hilo halisemi hivyo unavyotaka liseme, na ambaye na yeye ukimwambia hivyo atarudi kulisoma tena pamoja nawe.